Nawab Akbar Bugti: Chifu Aliyeuawa na Dola Aliyoitumikia

Tarehe 1 Septemba 2006, katika mji mdogo wa Dera Bugti, jimbo la Balochistan nchini Pakistan, lilizikwa jeneza lililofungwa kwa makufuli mawili. Serikali ilisema ndani yake umo mwili wa Nawab (cheo cha chifu mkuu) Akbar Shahbaz Khan Bugti, mzee wa miaka 79. Hakuna hata mwanawe mmoja aliyehudhuria. Familia ilitaka ikabidhiwe mwili ikauzike Quetta, makao makuu ya jimbo, serikali ikakataa. Kaburini walisimama maofisa, askari, shehe wa kuongoza sala na watu wachache wa pale mjini, na jeneza halikufunguliwa. Kwa Waislamu, ambao hata fukara wa mwisho huoshwa, akakafiniwa na kubebwa na jamaa zake, makufuli yale yaliuma kuliko kifo chenyewe.

Aliyezikwa hivyo hakuwa mtu wa pembeni. Alikuwa amepata kuwa waziri katika serikali kuu ya Pakistan, gavana wa Balochistan, waziri kiongozi wa jimbo hilohilo, mbunge na mwenyekiti wa chama. Mwaka 1947, machifu wa Balochistan ya Waingereza walipoitwa kuamua kama nchi yao ijiunge na Pakistan, yeye alikaa miongoni mwao katika baraza la Shahi Jirga, na baraza likasema ndiyo. Miaka 59 baadaye jeshi la nchi hiyo likamfuata hadi pangoni.

Kisa hiki husimuliwa kwa namna mbili. Kwa wengi wa Wabulushi, Bugti ni shahidi aliyeuawa kwa kudai haki ya watu wake. Kwa maofisa wa Islamabad alikuwa sardar, yaani chifu wa kabila, dhalimu aliyeishi kwa kuibana serikali kwa vitisho na kuwanyima watu wake shule. Nimekisoma kisa hiki kwa muda mrefu, na sioni namna ya kuchagua upande mmoja na kuuacha mwingine, kwa kuwa sehemu kubwa ya yanayosemwa na kila upande ni kweli. Ninachokiona mimi ni kwamba Pakistan, kama Waingereza kabla yake, haikutaka kuzungumza na Wabulushi. Ilitaka mtu mmoja wa kuzungumza naye kwa niaba yao. Bugti aliukubali mpango huo, akaufaidi, ukampa mali na ubabe. Walipokosana, kati ya bunduki zake na bunduki za serikali hapakuwa na bunge, mahakama wala baraza ambalo mwananchi wa kawaida angelikimbilia.

Nchi ya Wabugti

Msomaji wa Mombasa, Unguja au Muscat hana haja ya kuelezwa Wabulushi ni nani. Masultani wa Omani waliwaajiri kuwa askari wao, wakawaleta mpaka pwani ya Afrika Mashariki, na vizazi vyao viko nasi hadi leo, wengi wao Waswahili kwa lugha na kwa desturi. Lakini hao asili yao ni zaidi Makran, ukanda wa pwani, ambako bandari ya Gwadar ilikuwa mali ya Omani mpaka Septemba 1958 ilipouzwa kwa Pakistan. Wabugti ni watu wa upande mwingine kabisa wa Balochistan: wafugaji wa milima mikavu ya mashariki, kwenye kona inayopakana na majimbo ya Sindh na Punjab, majirani wa kabila la Wamarri. Wamegawanyika katika koo kadhaa. Raheja ndio ukoo wa watawala. Masuri na Kalpar ni koo nyingine mbili ambazo ni vizuri kuzishika majina, maana bila hizo mwisho wa kisa hiki haueleweki.

Mfumo uliomzaa Nawab uliwekwa na afisa wa Kiingereza, Robert Sandeman, katika miaka ya 1870. Badala ya kulitawala kila kabila moja kwa moja, Waingereza walimwimarisha sardar wake. Walimpa posho na fedha za kuajiri askari wa kabila, naye akadhamini usalama wa njia. Kesi ziliamuliwa na jirga, yaani baraza la wazee, lakini serikali ikiwa nyuma ya sardar. Kabla ya hapo sardar alihitaji ridhaa ya wakuu wa koo. Akiwachosha, wangeweza kumtupa. Baada ya hapo alikuwa na mlipaji kutoka nje, na ridhaa ya wakuu wa koo ikapungua thamani. Shahbaz Khan, babu yake Akbar, alitumikia mpango huo vizuri kiasi cha Waingereza kumtunuku cheo cha Sir.

Akbar alizaliwa 1927. Baba yake, Nawab Mehrab Khan, alifariki 1939, na mtoto wa umri wa darasa la tano au la sita akawa mkuu wa kabila. Alisomeshwa Karachi Grammar School, kisha Aitchison College ya Lahore, shule ambako watoto wa machifu na wenye mashamba walifunzwa Kiingereza, adabu za ugenini na namna ya kuamrisha. Alitoka huko akiwa msomaji mkubwa wa vitabu na mwenye Kiingereza cha kuwanyamazisha waandishi wa habari. Wakati huohuo alikuwa hakimu wa watu wake, mwenye uwezo wa kuamua nani abaki katika ardhi ya Wabugti na nani afukuzwe. Hali hizo mbili ziliishi ndani yake bila ugomvi mpaka mwisho.

Mei 1958 alishinda uchaguzi mdogo wa kuingia Bunge la Taifa, kujaza kiti kilichoachwa wazi na Dkt. Khan Sahib aliyeuawa. Septemba aliingia katika serikali ya Waziri Mkuu Feroz Khan Noon kama waziri wa nchi. Ni serikali hiyohiyo iliyokamilisha ununuzi wa Gwadar. Hakumaliza hata miezi miwili. Oktoba ukatangazwa utawala wa kijeshi, mawaziri wote wakaenda nyumbani, na muda si mrefu yeye mwenyewe akakamatwa. Mwaka 1960 mahakama ya kijeshi ilimhukumu kifo kwa kesi ya mauaji ndani ya ukoo. Baadaye aliachiwa, lakini alizuiwa kushika wadhifa wa umma. Ndiyo maana katika uchaguzi wa 1970, wa kwanza wa kura ya kila mtu mzima nchini Pakistan, hakuweza kugombea. Alimpigia kampeni mdogo wake, Ahmed Nawaz, kwa tiketi ya National Awami Party.

Mwaka ambao mashabiki wake huuruka

Hapa ndipo panapohitaji kusimama. Chama cha National Awami kiliongoza serikali ya kwanza kabisa ya kuchaguliwa ya Balochistan mwaka 1972. Waziri kiongozi alikuwa Ataullah Mengal, gavana Ghaus Bakhsh Bizenjo, na pamoja nao Khair Bakhsh Marri. Wote walikuwa wazalendo wa Kibulushi, na wawili kati yao, Mengal na Marri, walikuwa masardar kama yeye. Bugti aliyewapigia debe hakuona nafasi yake katika serikali hiyo, akakosana nao, hasa Bizenjo. Akatangaza hadharani kwamba viongozi hao wana mpango wa siri, uliopangwa London, wa kuivunja Pakistan.

Waziri wa nchi, kada wa chama cha upinzani au mwandishi angesema hivyo, lingekuwa neno la mwanasiasa. Liliposemwa na Nawab wa Wabugti, lilimpa Zulfikar Ali Bhutto, rais wa wakati huo, shahidi wa Kibulushi dhidi ya Wabulushi. Tarehe 10 Februari 1973 serikali ilitangaza kukuta shehena ya silaha katika ubalozi wa Iraq mjini Islamabad. Siku chache baadaye Bizenjo alitolewa, serikali ya Mengal ikafukuzwa, na Bugti akaapishwa kuwa gavana.

Vijana wakapanda milimani. Agosti mwaka huo, Bugti akiwa bado gavana, Mengal, Bizenjo na Marri walikamatwa. Vita vilivyoanza vilidumu mpaka 1977 na kuua maelfu ya watu, na Shah wa Iran, aliyeogopa Wabulushi wa upande wake wa mpaka, alichangia helikopta za kivita. Bugti alikosana na Bhutto upesi, na mwanzoni mwa Januari 1974 alikuwa ameshaondoka madarakani. Lakini jeshi lilikuwa limeshaingia, na jina lililokuwa juu ya karatasi lilipoingia ni la kwake.

Silisemi hili kwa kumkashifu marehemu. Nalisema kwa sababu ndiyo mara moja katika maisha yake alipokuwa na nafasi ya kuchagua kati ya taasisi, serikali iliyochaguliwa na Wabulushi wenyewe hata kama imemwacha nje, na kiti chake mwenyewe. Alichagua kiti. Kama serikali ile ya 1972 ingeachwa kumaliza muda wake, huenda Balochistan ingekuwa imejenga kitu cha kusimama kati ya chifu na jeshi. Miaka 32 baadaye yeye ndiye aliyekihitaji.

Gesi

Mwaka 1952, huko Sui, ndani ya nchi ya Wabugti, iligunduliwa gesi asilia. Lilikuwa eneo kubwa la gesi kuliko yote yaliyojulikana Pakistan, chini ya kampuni ya Pakistan Petroleum. Mwaka 1955 bomba lilikuwa limeshafika Karachi, kisha gesi ikapelekwa Punjab. Viwanda vya nguo, vya mbolea na vya saruji vilikua juu yake, na mamilioni ya majiko ya mjini yakawaka kwayo. Katika nyumba za kawaida za Pakistan watu huita gesi ya jikoni kwa jina la Sui, hata kama hawajui Sui iko wapi. Quetta, mji mkuu wa jimbo lenyewe, uliipata katika miaka ya 1980. Dera Bugti, makao makuu ya wilaya yenye visima hivyo, ulisubiri mpaka katikati ya miaka ya 1990. Ndani ya uzio wa kampuni mlikuwa na gesi, umeme na hospitali. Nje ya uzio huo, familia zilipika kwa kuni.

Hesabu yenyewe ilikuwa hivi. Mrabaha wa jimbo ulikuwa asilimia 12.5 ya bei ya gesi pale kisimani. Asilimia hiyo ilikuwa sawa kwa majimbo yote, na msemaji wa serikali angeweza kukuapia kwamba hakuna upendeleo. Lakini bei ya kisimani ya Sui ilikuwa imewekwa chini, kwa kuwa mkataba wake ni wa zamani, wakati visima vipya vya Sindh na Punjab vilipewa bei ya juu zaidi. Asilimia ileile ya bei ndogo ni fedha ndogo. Jimbo lenye karibu asilimia 44 ya ardhi ya nchi, lenye watu wachache na hivyo wabunge wachache, halikuwa na kura za kubadili hesabu hiyo Islamabad.

Hiyo ni nusu ya habari, na watetezi wa Nawab husimulia hiyo tu. Nusu ya pili ni kwamba fedha zilizobaki Sui zilipitia mkononi mwake. Kodi ya ardhi iliyotumiwa na mitambo alilipwa yeye. Ulinzi wa mabomba ulikuwa mikononi mwa watu wake. Kijana wa Kibugti aliyetaka kazi ya kampuni alihitaji jina lake lipite kwa Nawab kwanza. Wakubwa wa kampuni na maofisa wa wilaya waliupenda utaratibu huo kwa sababu ulikuwa rahisi: mtu mmoja wa kumlipa, mtu mmoja wa kumlaumu. Rais Pervez Musharraf alipokuja kusimama jukwaani na kusema masardar ndio wanaozuia maendeleo ya Balochistan, alikuwa anasema kweli kuhusu mfumo ambao serikali yake na zote zilizotangulia ziliutilia saini.

Na ardhi yenyewe ilikuwa ya nani? Sehemu kubwa ya eneo la visima ni nchi ya ukoo wa Kalpar. Wakalpar walipoanza kudai kodi na kazi wao wenyewe, bila kupitia kwa Nawab, ugomvi ukawa wa damu. Mwaka 1992 aliuawa Amir Hamza, kijana wa ukoo wao mwenye jina. Juni mwaka huohuo Salal, mwana mpendwa wa Nawab, akapigwa risasi Quetta. Nawab hakwenda mahakamani. Aliondoka mjini, akarudi Dera Bugti na karibu kuacha kutoka tena. Wakalpar kwa maelfu walifukuzwa kwenye nchi yao, na baadaye Wamasuri wengi pia wakajikuta wakimbizi. Watoto walikulia mbali na makaburi ya babu zao kwa kosa la kuzaliwa katika ukoo fulani. Mtu anayehuzunishwa na jeneza lile lenye makufuli, kama ninavyohuzunika mimi, awakumbuke na hawa.

Siasa zake za uchaguzi katika miaka hiyo nitazipita haraka. Februari 1989 akawa waziri kiongozi wa Balochistan, akavutana mfululizo na serikali ya Benazir Bhutto juu ya madaraka ya jimbo, na Agosti 1990 mabunge yalipovunjwa akatoka. Mwaka huo alianzisha chama chake, Jamhoori Watan Party, kilichompeleka Bunge la Taifa 1993 na tena 1997. Kwa muda mrefu alisusa kuongea Kiurdu hadharani. Aliongea Kibulushi au Kiingereza. Wako walioona ni kiburi. Mimi naona ilikuwa njia ya mtu mwenye kinyongo kukumbusha kila siku kwamba hajasamehe.

Kuanzia Januari 2005

Usiku wa tarehe 2 Januari 2005, daktari wa kike aliyekuwa akifanya kazi katika hospitali ya mitambo ya Sui, tena akiishi ndani ya uzio unaolindwa, alibakwa. Habari ikasambaa kwamba mtuhumiwa ni kapteni wa jeshi. Bugti akasimama: tendo hilo limetendwa katika ardhi yake, dhidi ya mwanamke mgeni aliye chini ya himaya ya kabila, na kwa sheria ya Wabulushi haliachwi. Ndani ya siku chache wapiganaji wake walikuwa wanaishambulia mitambo kwa maroketi na gesi ikakatika. Musharraf alitokea kwenye televisheni akasema afisa huyo hana hatia, kabla mahakama yoyote haijaisikiliza kesi. Daktari mwenyewe aliishia kuihama nchi. Katika kisa chote hiki ndiye aliyedhulumiwa wazi kuliko wote, na ndiye ambaye kila upande ulimtumia kisha ukamsahau.

Musharraf aliwaonya wapiganaji pia kwamba miaka ya 1970 imepita. Safari hii hawatajua hata kilichowapiga. Kauli hiyo ilinukuliwa kila kona ya Balochistan.

Machi 17 mapigano yalifika Dera Bugti penyewe. Makombora yaliangukia jumba la Nawab na nyumba za Wahindu zilizolizunguka. Wahindu hao walikuwa wafanyabiashara walioishi hapo vizazi kwa vizazi chini ya ulinzi wa masardar, wakaijenga mitaa yao ubavuni mwa jumba kwa sababu ndipo palipokuwa salama. Siku ile palikuwa ndipo pa hatari kuliko pote. Walikufa watu zaidi ya 60, takriban nusu yao Wahindu, wakiwemo wanawake na watoto. Nawab alinusurika.

Hapo ndipo mlango ulipofunguka kidogo. Chaudhry Shujaat Hussain, mwenyekiti wa chama tawala, na seneta Mushahid Hussain Sayed walikwenda Dera Bugti, wakaketi naye chini, wakaelewana juu ya jambo dogo lakini la maana: wapiganaji wa Nawab na askari wa Frontier Corps, kikosi cha serikali, warudi nyuma hatua kwa hatua kutoka kwenye ngome walizokuwa wakitazamana. Kamati ya bunge nayo ilikuwa kazini. Mapendekezo yake yalihusu mrabaha na bei ya gesi, kazi kwa wenyeji na ujenzi wa kambi mpya za kijeshi za Gwadar, Kohlu na Sui. Tazama madai hayo. Hakuna dai la kujitenga ndani yake. Ni madai ambayo wizara ya fedha na wizara ya nishati zingeweza kuyajibu kwa barua na kalamu.

Hayakujibiwa. Wanasiasa walikuwa wanazungumza, lakini waliokuwa na neno la mwisho walikuwa wanajeshi, na wanajeshi walimwona Bugti kama tatizo la nidhamu. Tarehe 14 Desemba 2005 maroketi yalirushwa Musharraf alipoitembelea Kohlu. Siku chache baadaye operesheni ikaanza. Nawab, mzee aliyekuwa akitembea kwa fimbo, akaliacha jumba lake akaingia milimani na wapiganaji wake. Watu wa kawaida nao wakakimbia kwa makundi. Tathmini ya UNICEF ya 2006 ilitaja watu wapatao 84,000 waliohamishwa na vita hivyo, wengi wao wanawake na watoto, wakiishi kwenye mahema na vibanda bila chakula cha kutosha.

Nawab akiwa milimani, serikali iliwarudisha Wakalpar na Wamasuri, chini ya ulinzi wa askari. Kwao ilikuwa haki waliyoingoja zaidi ya miaka 10, na siwezi kuwalaumu kwa kurudi nyumbani. Kwa jeshi walikuwa silaha. Tarehe 24 Agosti 2006 jirga iliyoungwa mkono na serikali ilikutana Dera Bugti, ikatangaza kwamba usardar umekwisha na Nawab ni mtoro wa sheria. Mbinu ni ileile ya Sandeman: ukichoshwa na chifu mmoja, wakusanye wazee wengine wamtangue.

Siku mbili baadaye, Jumamosi ya tarehe 26, aliuawa katika eneo la Taratani, wilaya ya Kohlu. Maelezo ya serikali ni kwamba askari waliingia pangoni kuzungumza naye, ukatokea mlipuko ambao chanzo chake hakikuthibitishwa, na pango likaporomoka juu yao wote. Maofisa kadhaa wa jeshi walikufa pamoja naye. Familia na wafuasi wanasema aliuawa kwa makusudi. Hata tukiyapokea maelezo ya serikali neno kwa neno, bado tunabaki na jeshi lililomfuata mlimani kwa miezi minane gavana wa zamani mwenye umri wa miaka 79, ambaye viongozi wa chama tawala walikuwa wameshakubaliana naye mwaka mmoja kabla. Kama lilitaka kumshitaki, lilikuwa na mahakama. Kama lilikuwa na haki, lisingehitaji makufuli.

Baada yake

Quetta iliwaka moto kwa siku kadhaa, mamia wakakamatwa. Agosti 29 maelfu walijaza uwanja wa Ayub kumsalia sala ya maiti bila maiti. Mwezi uliofuata Khan wa Kalat, Suleman Daud, mrithi wa ufalme wa zamani wa Wabulushi, aliitisha jirga kubwa ambayo haikuwa imeonekana kwa vizazi, ikaazimia kulipeleka suala la Balochistan katika Mahakama ya Kimataifa ya Haki. Mwenyewe akaishia uhamishoni Uingereza.

Jamil, mwana wa Nawab, alifungua kesi ya mauaji. Januari 2016 mahakama ya kupambana na ugaidi ya Quetta ilimwachia huru Musharraf pamoja na waliokuwa waziri wa mambo ya ndani wa nchi na wa jimbo, na ombi la kufukua kaburi likakataliwa. Musharraf alifariki Dubai Februari 2023. Familia iligawanyika: wengine walibaki katika siasa za bunge, na mjukuu wake Shahzain akapata kuwa waziri katika serikali kuu mwaka 2022, mjukuu mwingine, Brahamdagh, aliyekuwa milimani pamoja na babu yake, alikimbilia Afghanistan kisha Uswisi, akaanzisha chama kinachodai uhuru kamili. Na tangu Machi 2024 waziri kiongozi wa Balochistan ni Sarfraz Bugti, Mbugti kutoka ukoo wa Masuri, mpinzani wa muda mrefu wa nyumba ya Nawab na mtetezi wa jeshi.

Linalonisikitisha zaidi liko kwenye karatasi za sheria. Mwaka 2010, miaka minne baada ya mazishi yale, mgawanyo mpya wa mapato ya taifa uliipandishia Balochistan fungu lake hadi asilimia 9.09, na marekebisho ya 18 ya katiba yakayapa majimbo nusu ya umiliki wa mafuta na gesi iliyo ndani ya mipaka yao. Sehemu kubwa ya aliyoyadai mzee ilikuwa inawezekana. Ilitolewa baada ya Sui kuanza kukauka, na baada ya vijana kuacha kuidai.

Kwa maana vita havikuisha, vilibadilisha wenyewe. Uasi wa miaka ya 1970 uliongozwa na masardar na wana wa masardar. Ulioendelea baada ya 2006 umehamia kusini, Makran, kwa watu wa tabaka la kati waliosoma, kama Allah Nazar Baloch, daktari asiye na kabila la kuamrisha. Makundi yao yameua walimu, vibarua wa Kipunjabi na wasafiri wasio na hatia, na siwezi kuyatetea hayo. Upande wa pili, vijana wamekuwa wakichukuliwa majumbani mwao na kutoonekana tena. Jalil Reki, ofisa wa habari wa chama cha Brahamdagh, alipotea 2009 na maiti yake ikaokotwa 2011. Baba yake, aliyejulikana kwa jina la Mama Qadeer, karani mstaafu wa benki aliyepita miaka 70, alianza Oktoba 2013 kutembea kwa miguu na kundi dogo la jamaa za waliopotea, kutoka Quetta hadi Karachi, na kutoka Karachi hadi Islamabad, akafika mwishoni mwa Februari 2014.

Leo wanaotembea barabara hizo ni zaidi wanawake. Anayewaongoza ni daktari kijana, Mahrang Baloch, ambaye baba yake naye alichukuliwa 2009 na maiti yake kupatikana 2011. Haongozi ukoo wala hana kisima cha gesi. Anachodai ni orodha ya waliochukuliwa na wafikishwe mahakamani. Machi 2025 serikali ilimtia ndani.